Thorianaiti Katika Nyumba ya Gati

Akoth wangu,

Umeondoka saa nane kwa bodaboda kwenda Kendu Bay kumuaga shangazi yako, ukaniambia utarudi kabla jua halijazama. Namjua shangazi yako, hamwachilii mtu bila kumlisha, kwa hiyo nina saa tatu, labda nne. Nimejipa muda huo kuandika jambo ambalo limenishinda kusema kwa miaka kumi na sita. Tayari nimesimama mara mbili. Mara ya kwanza nilidhani nimesikia pikipiki. Mara ya pili ilikuwa omena, nimeziacha jikoni zikaungua, na usiniulize tutakula nini.

Mambo ya blanketi, sabuni na watu wanaokuchekea stendi tumeyamaliza jana, wewe ukiitikia "sawa, Mama, sawa" huku macho yako kwenye simu. Sitayarudia. Nataka kukuambia habari ya neno moja. Neno lenyewe ni thorianaiti. Labda umewahi kulisikia likinong'onwa hapa nyumbani ulipokuwa mdogo, watu wakanyamaza ulipoingia. Ni jina la jiwe, jiwe jeusi, zito, la nadra sana, lenye mionzi. Ulipoitwa chuo na kuniletea ujumbe niusome mwenyewe, na nikaona umepewa jiolojia, niliusoma mara tatu, ukanikumbatia ukidhani ni furaha. Furaha ilikuwepo, siwezi kukana. Lakini nilikuwa nahesabu kimoyomoyo. Muhula wa kwanza, wa pili ukichelewa, mwalimu ataliandika hilo jina ubaoni, na mwanangu atajua kwamba lina maana tofauti na ile aliyopewa mama yake mzazi.

Ndiyo. Ni habari ya Gati.

Wewe unajua kwamba aliyekuzaa ni Gati, Mkuria wa Kehancha, mke mdogo wa baba yako, na kwamba alirudi kwao ukiwa na miaka mitatu. Hayo sikukuficha. Ulipokuwa darasa la saba uliniuliza, ukisugua sufuria, "Kwani nilimkosea nini hata asirudi kuniona?" Nikakuambia watu wana mioyo tofauti. Nilitamka hayo nikiwa nachambua mboga, na sikuinua uso.

Acha nianze pale penyewe. Kabla ya Gati nilikuwa nimepoteza mimba mbili na mtoto mmoja wa kiume aliyeishi siku saba. Baba yako alikuwa dereva wa lori la kubeba tumbaku huko Kehancha. Siku moja akaja na soda na mkate, akaketi, akaniambia ana mtu. Hakunificha wala hakunidharau. Nilikubali kwa mdomo, na baba yako, Mungu amrehemu, alikuwa mtu wa kuamini mdomo.

Gati alikuja akiwa na miaka ishirini. Alikuwa mwongeaji. Dholuo yake, lugha yetu, ilikuwa ya kuvunjikavunjika, kwa hiyo alimsemesha kila mtu Kiswahili, hata ng'ombe. Mimi aliniita Mikayi, kama anavyoitwa mke wa kwanza, lakini yeye alilitamka kwa namna ya kunichokoza, na nilicheka. Tungekuwa marafiki. Hilo huniudhi kuliko yote, kwamba nilimpenda. Kisha akapata mimba mwezi wa nne tangu afike, ukazaliwa wewe, mzima, mwenye sauti, siku ya mvua kubwa, na tangu siku hiyo kila alipocheka nilisikia ananicheka mimi.

Unajua desturi ya boma letu kuhusu kupanda. Mbegu ya mke wa kwanza ndiyo inayotangulia ardhini. Mke mdogo hungoja, hata mvua ikinyesha wiki nzima. Akitangulia amevunja mwiko, na mwiko ukivunjwa watu huanza kungojea chira, ule ugonjwa wa kukondesha unaoingia nyumbani. Gati hakuyajua haya, maana misimu ya nyuma nilitangulia kupanda bila kumweleza kwa nini. Baba yako alikuwa safarini, na kazi ya kumfundisha ilikuwa yangu. Asubuhi moja baada ya mvua ya kwanza alikuja mlangoni kwangu na jembe begani, wewe umefungwa mgongoni.

"Mikayi, mvua imenyesha. Kwani tunangoja nini?"

Mimi nilikuwa sijapanda hata punje moja. Nikamwambia, "Panda tu."

Maneno mawili. Nikasimama dirishani nikamtazama akipanda mistari yake, akiimba. Sikumtakia kifo. Nilitaka awe na kosa, basi, kosa ambalo nitaliweka mahali na kulichukua siku nitakapolihitaji. Nyanya yako alipogundua alinung'unika kwamba inabidi dawa itafutwe, zile manyasi za kunywa na kusafisha boma. Ni jambo la siku moja tu, majani na maji. Nikamwambia tungoje mume arudi. Aliporudi nikasahau kukumbusha. Mwezi huo huo radi ikamuua mtamba wetu mmoja kando ya zizi, na wewe ukaanza kukohoa.

Nimesimama tena. Nimekwenda hadi kwenye lango nikarudi. Sanduku lako limesimama pale sebuleni, umelifunga kamba mbili wakati moja ingetosha.

Ndipo akaja mzee mmoja wa kupima mawe. Alikuwa Mzungu, mrefu, kofia imechakaa, anatafiti vilima vyetu hivi vya Homa kwa sababu mawe yake, alisema, yana mionzi zaidi ya mahali pengi. Hakujua Kiswahili zaidi ya "jambo" na "asante". Mimi nilikuwa mwalimu wa nasari mwenye Kiingereza cha kidato cha tatu, kwa hiyo nikachukuliwa kuwa mkalimani wake. Akoth, usidharau kiburi cha mtu aliyekuwa hana kitu. Kwa siku nne watu wazima walinyamaza wakingoja nifungue mdomo. Nyanya yako alinitazama kwa namna ambayo hakuwahi kunitazama tangu niolewe.

Alikuwa na mashine ndogo inayotikatika kama saa ya ukutani. Ukiisogeza karibu na jiwe lenye mionzi inatika haraka zaidi. Nyumbani kwangu ilitika polepole, kwa kuwa nyumba yangu ilijengwa zamani kwa udongo wa kule ziwani. Nyumba ya Gati ilikuwa mpya. Msingi wake ulikuwa wa mawe yaliyovunjwa kilimani, na sakafu alikuwa ameikandika mwenyewe kwa udongo wa kilimani, ule mwekundu, kwa sababu aliipenda rangi yake. Mzee alipoingia, mashine ikaanza kutika kwa kasi. Watu waliokuwa mlangoni wakarudi nyuma hatua moja, wote pamoja.

"Mikayi," Gati akaniuliza, amekubeba kiunoni, "hii mashine inalilia nini kwa nyumba yangu?"

Mzee akapiga magoti, akachokoa kipande cheusi kwenye jiwe la msingi, akakitazama kwa kioo. Akaandika neno kwenye daftari na kuweka alama ya kuuliza mbele yake. Nikamuuliza ni nini. Akanieleza kwa upole, na kila alichosema nakikumbuka kwa sababu nimekirudia moyoni miaka yote hii. Alisema huenda ni thorianaiti, ingawa hadhani, kwa kuwa ni adimu mno, na ni lazima akapime kwanza. Alisema jina hilo limetokana na thoriamu iliyomo ndani yake, na thoriamu nayo ilipewa jina la mungu wa radi wa watu wa kale wa nchi za baridi. Nikamuuliza kama mtu aliyekaa humo anaweza kumwambukiza mwingine. Akacheka. Hapana, akasema, si homa, haishikani kwa kugusana. Akasema mama huyu afungue madirisha, asiongeze udongo ule sakafuni, na asiwe na hofu, yeye ataleta majibu.

Watu wote wakanigeukia. Nyanya yako akauliza, "Owacho ni ang'o?" Anasema nini?

Nikasema, "Anasema jiwe hili linaitwa thorianaiti. Maana yake ni jiwe la mungu wa radi."

Nikaishia hapo.

Unaona nilivyofanya? Hakuna neno la uongo pale. Nilichagua tu maana moja, ile ya jina, nikaiacha ile ya kitu chenyewe. Sikusema "huenda". Sikusema "hadhani". Sikusema madirisha. Mbele yangu walikuwa watu waliomzika mtamba aliyepigwa na radi, wenye mke mdogo aliyepanda kabla ya mkubwa na mtoto anayekohoa, na sasa mashine ya Mzungu imelia ndani ya nyumba yake. Sikuhitaji kuongeza kitu. Waliongeza wao. Kufikia jioni nilisikia kwamba mashine ile hupima chira, kwamba Wazungu wamekuwa nayo siku zote na hawatuambii. Ningecheka, kama si mimi niliyeanzisha habari hiyo.

Nyanya yako akasema manyasi haziwezi kitu, hiyo ni dawa ya makosa ya watu, hili ni la radi. Baba yako alikuja siku ya tatu. Alibishana nao, lakini si sana. Aliniuliza faraghani, "Wewe ndiye ulisikia. Huyo mzee alisema kweli ni hatari?" Nikamjibu, "Uliona mwenyewe mtoto anavyopumua." Hilo pia halikuwa jibu la swali lake.

Gati alitaka kuondoka nawe. Alikuwa amekwisha kukufunga mgongoni. Mimi ndiye niliyekufungua. Nilimwambia kwamba mionzi ya jiwe lile imeingia mwilini mwake, kwamba ndiyo inayokukohoza, na kadiri utakavyokaa mbali naye ndivyo utakavyopona. Nilimwambia ni mzee aliyesema. Akaniuliza mara mbili. "Mikayi, alisema hivyo? Kwamba ni mimi?" Nikaitikia. Akakuweka mikononi mwangu haraka, kama mtu anayeogopa kukuunguza, akanawa mikono kwenye karai, akaondoka bila kukushika tena.

Ulipona kikohozi baada ya wiki mbili. Kilikuwa kikohozi tu.

Barua ya majibu ilikuja baada ya mavuno, kupitia shule nilikofundisha, imeandikwa jina langu. Nimeiweka pamoja na hii, uisome kwa macho yako, maana sina haki tena ya kukutafsiria. Inasema kile kipande hakikuwa thorianaiti. Inasema mawe na udongo wa kilima vina thoriamu kiasi, kama sehemu nyingi za hapa, si vizuri kuvitumia kujengea sakafu, nyumba iachwe ipitishe hewa, na mama na mtoto hawana sababu ya kuhama. Inamsalimu Gati kwa jina. Niliisoma chooni, nikaikunja, nikaiweka chini ya godoro. Ningeweza kumfuata Kehancha wiki ile ile. Lakini ulikuwa umeanza kuniita Mama, ulikuwa unalala umenishika sikio, na nilijiambia nitakwenda kesho. Nilijiambia hivyo mpaka ukaanza shule.

Alikuja mara moja. Hujui hilo. Ulikuwa na miaka mitano. Alisimama kule barabarani, hakuthubutu kukanyaga bomani, ana gauni la manjano kwenye mfuko wa plastiki. Nilimwendea. Alichotaka ni kukuona tu kwa mbali. Wewe ulikuwa unacheza nyuma ya nyumba, nilikuwa nasikia sauti yako na yeye pia aliisikia. Nikalisema lile jina. Sikusema kitu kingine, "thorianaiti", basi, naye akaniachia mfuko chini, si mkononi, akarudi nyuma. Gauni ulilivaa Krismasi mbili.

Nimekaa muda mrefu bila kuandika. Mkono umechoka, na jua limeshuka hadi kwenye kizingiti.

Watu wazima wanapoungama hupenda kueleza walivyoteseka, ili aliyekosewa awahurumie. Nisingependa kukufanyia hivyo. Nililala vizuri usiku mwingi. Nilikufurahia. Nilikufundisha kusoma kwa kalenda ya duka la dawa, nilikwenda kila mkutano wa wazazi, nilipigana na mwalimu aliyekuita mvivu, na siku zote hizo nilikuwa mama yako na nilikuwa mwizi, vyote viwili, na uji uliiva vilevile. Jambo ninalolijua kwa uhakika kutokana na maisha yangu ni hilo, kwamba mtu anaweza kuishi na ubaya wake akazoea. Niliogopa mwaka wa kwanza. Mwaka wa tano nilikuwa nasahau.

Huko unakokwenda utapewa maneno mengi ya aina ile, yasiyo na mwenzake katika lugha zetu. Utarudi hapa, na watu wataweka vikombe chini wangoje ufungue mdomo. Utaupenda ukimya huo, nakuambia mimi niliyeuonja siku nne. Na neno kubwa mdomoni mwa mtu mmoja anayelijua, mbele ya watu wasiolijua, linakuwa lake, analifanyia anavyotaka. Sikuambii ufanye nini. Nakuambia tu kwamba ilikuwa rahisi sana.

Sasa sikiliza, maana hili ndilo linalonisimamisha kila dakika.

Wiki tatu zilizopita nilikwenda Migori kukununulia viatu. Katika soko la nafaka nikamwona. Amenenepa kidogo, amefunga kitambaa, anauza wimbi. Miguu yangu ilitaka kugeuka. Aliniona kabla sijageuka. Hakunisalimia, mimi pia sikumsalimia. Akaniuliza, "Yuko?"

"Yuko. Amefaulu. Anaenda chuo."

"Anapumua vizuri?"

Akoth, miaka kumi na sita. Nikaketi kwenye gunia lake bila kukaribishwa, nikamweleza yote, pale, katikati ya watu wanaouliza bei. Jina, barua, godoro. Nilimwambia lile jiwe halikuwa thorianaiti, na hata lingekuwa, halikuwa mwilini mwake. Mteja mmoja alikuwa amenyoosha mfuko. Gati aliendelea kumpimia, akapima mkebe wa pili, wa tatu, mpaka yule mama akasema, "Imetosha, imetosha, inamwagika!" Ndipo akauweka mkebe chini.

"Nilikataa kuolewa tena," akasema. "Nilikataa kuzaa. Nilisema nitaua mwingine."

Akaniuliza kama wewe unajua. Nikamjibu bado.

"Basi mwambie. Si nusu nusu kama ile siku. Mwambie yote. Halafu akitaka kuja, aje. Asipotaka, mwache. Lakini usimlete kwangu akiwa hajui, atanisalimia kama mtu aliyemtupa, na mimi hiyo siwezi."

Akanipa namba yake. Nimeiandika nyuma ya barua ya yule mzee. Tangu siku hiyo nimekutazama ukipiga pasi, ukipanga vitabu, ukicheka na simu, na kila siku nimesema kesho, lile kesho langu la zamani. Leo limeisha. Nilikuwa nimepanga kuificha hii barua katikati ya nguo zako, uikute ukiwa mbali, ambako siwezi kuuona uso wako. Ungekuwa ujanja mwingine. Nitakupa mkononi ukirudi, kabla hujavua viatu, na nitakaa pale pale kitini ukiisoma. Uliza unachotaka. Ukitaka kupiga kelele, piga, majirani watazoea. Ukitaka kulala kwa shangazi yako, nitakuitia bodaboda.

Chuo kinafunguliwa Jumatatu, na kesho ni Ijumaa. Unajua kituo chetu kilivyo. Magari ya Kisumu, ya kukufikisha kwenye basi la Nairobi, husimama upande huu wa barabara. Ya Homa Bay kwenda Rongo na Migori husimama ng'ambo. Gati ameniambia kwa simu atakuwa sokoni siku nzima, na hatauliza kama hutafika. Kesho nitakubebea sanduku hadi barabarani, na nikifika pale nitasimama nilishikilie. Sitalitua mpaka nione unavuka au huvuki. Ukivuka, nitavuka nyuma yako, nitalipakia kwenye gari la Migori kwa mikono yangu, kisha nitarudi nyumbani kwa miguu.

Ni mimi, ambaye mpaka jioni hii ulikuwa ukiniita Mama.